Diski ya The Ladykillers, na mwanamke aliyenifanya niinunue mara mbili

Nakala ya kwanza niliiokota katika duka la hisani lililo karibu na kituo cha basi ninachoshukia nikienda zamu ya asubuhi. Ilikuwa DVD ya zamani, pauni 3, imebanwa kwenye kikapu pamoja na diski za mazoezi ya viungo na filamu za Krismasi. The Ladykillers, ile ya studio za Ealing ya mwaka 1955, si ile iliyotengenezwa upya Marekani mwaka 2004. Nilimnunulia bibi ninayemhudumia. Ana miaka 91, anaishi peke yake kaskazini mwa London, na kazi yangu, kea kama tunavyoiita wenyewe huku, ni kumwogesha, kumpa dawa, kumpikia na kukaa naye mpaka saa nane mchana. Aliwahi kuniambia kwamba filamu hiyo aliiona sinema enzi za usichana wake, siku aliyovaa viatu vipya vilivyombana, na kwamba aliyasahau maumivu ya vidole kwa sababu ya "yule mama".

DVD ile ilikwama. Tulifika pale mabibi wanapokuja kunywa chai, picha ikaganda, ikaanza kukatika vipande vipande. Tukaifuta kwa kitambaa laini, tukajaribu tena na tena, wapi. Bibi alikasirika, na mimi nilikasirika zaidi yake, maana kufikia hapo na mimi nilikuwa nimeshanaswa. Jioni hiyo nikaagiza nakala mpya, ile iliyosafishwa na kampuni ya filamu ya StudioCanal mwaka 2020. Nimeshaitazama mara sita. Nimekaa kuandika juu ya diski, lakini nijuavyo mimi, thamani ya diski hii ni mtu mmoja aliyemo ndani yake, kwa hiyo nitaanza na huyo.

Anaitwa Katie Johnson. Alizaliwa Sussex, kusini mwa Uingereza, Novemba 1878. Alianza jukwaani mwaka 1894, akiwa bado binti mdogo, na kazi ya tamthilia ndiyo iliyomlisha kwa miongo kadhaa. Aliolewa na mwigizaji mwenzake, Frank Bayly, akafiwa naye mwaka 1923. Filamu ya kwanza aliicheza mwaka 1932, umri umeshapita miaka 50. Kuanzia hapo ni sehemu ndogo baada ya sehemu ndogo: mama mwenye nyumba, mtumishi, jirani, bibi aliyepita. Mwaka 1946 alikuwemo katika I See a Dark Stranger, filamu iliyomng'arisha Deborah Kerr. Johnson ni bibi tu ndani ya treni. Ukikohoa, umemkosa.

Halafu, akiwa na miaka 76, akapewa kubeba filamu nzima. Alipofika 77 alitangazwa mwigizaji bora wa kike wa Uingereza katika tuzo za chuo cha filamu, zile tunazoziita BAFTA leo. Miongoni mwa waliowania tuzo hiyo pamoja naye alikuwemo Deborah Kerr. Hiyo ndiyo habari iliyonifanya niweke rimoti chini nikatafakari. Yule wa kiti cha pembeni kwenye treni na yule nyota wa mbele ya kamera, miaka tisa baadaye, karatasi moja ya majina, na jina lililosomwa ni la bibi.

Kwa ambaye hajaiona, kisa ni hiki. Bi. Wilberforce ni mjane anayeishi na kasuku wake katika nyumba iliyopinda, mwisho wa mtaa usiopitika, juu kabisa ya reli inayoingia stesheni ya King's Cross, London. Anatafuta mpangaji. Anakuja mtu anayejiita Profesa Marcus, meno yametoka nje, shali ndefu shingoni, huyo ni Alec Guinness. Anakodi vyumba vya juu na kusema yeye na rafiki zake wanne ni wapiga muziki wa nyuzi, watahitaji kufanya mazoezi. Wanakuja na masanduku ya fidla na selo. Muziki unaousikia mlangoni ni santuri inayozunguka, minueti ya Boccherini, na wao wameketi wanapanga kuiba fedha nyingi karibu na kituo cha treni. Tena bibi mwenyewe wamemwingiza kwenye mpango bila yeye kujua: yeye ndiye atakayekwenda stesheni kuchukua sanduku lenye fedha, maana ni polisi gani atamsimamisha bibi mwenye mwavuli?

Hapo ndipo penye kiini cha kazi ya Johnson. Mpango wa wezi unasimama juu ya jambo moja, kwamba bibi haonekani. Watu humpita. Na nani angejua zaidi namna ya kutoonekana kuliko mwigizaji aliyeishi miongo mingi pembeni ya fremu? Zile sehemu ndogo zote, kufungua mlango, kuleta sinia, kuketi kwenye kona ya behewa, zilimfundisha kuwepo mahali bila kuomba aangaliwe. Wengi wangepewa nafasi kubwa ya kwanza uzeeni wangeipokea kwa njaa, wangekodoa macho na kutetemesha sauti. Yeye hakubadili kitu. Alicheza ukuu wa filamu nzima kwa kipimo kile kile alichozoea kuchezea dakika mbili.

Mtazame na nyundo. Maji jikoni kwake hayatoki vizuri, mabomba ni ya kale, kwa hiyo anachukua nyundo ya mbao na kuligonga bomba. Hafanyi kichekesho. Hamtazami mtu kuona kama amecheka. Anagonga kama mtu aliyegonga bomba lile lile kila siku kwa miaka, kwa nguvu inayotosha na mahali panapostahili, kisha anairudisha nyundo mahali pake. Bibi yangu ana kabati ambalo halifunguki mpaka ulipige kwa goti. Analipiga bila kukatisha sentensi anayoizungumza. Nilipomwona Johnson na lile bomba nilijua nimepata mtu anayeifahamu nyumba ya mzee kwa ndani: kila kitu kimeharibika kidogo, na kila kitu kina namna yake ambayo mwenyewe anaijua.

Au zile picha za ukutani. Nyumba ilikaa vibaya tangu mabomu ya vita, kwa hiyo picha haziwezi kuning'inia sawa. Profesa anakuja na kuzinyoosha, zinarudi zilivyokuwa. Bi. Wilberforce anamweleza kwa upole, kama mtu anayeeleza desturi ya nyumba kwa mgeni. Haombi radhi kwa sababu nyumba imepinda. Mimi huingia katika nyumba za wazee tisa au kumi kwa wiki, na ninakuambia, hicho ndicho hasa wageni wengi hawakielewi. Wanakuja na kuanza kunyoosha.

Kuna sehemu fupi ambayo huenda ukaipita. Anawasimulia wapangaji sherehe yake ya kutimiza miaka 21, huko Pangbourne, jinsi mtu alivyoingia na kusema malkia mzee amefariki, na sherehe ikaishia hapo. Malkia huyo ni Victoria, aliyekufa Januari 1901. Sasa piga hesabu: Katie Johnson wa Novemba 1878, Januari ile alikuwa na miaka 22. Alikuwa tayari ana miaka kadhaa jukwaani. Yaani anaposema maneno ya mwandishi, nyuma ya maneno kuna siku aliyoiishi kwa mwili wake, kengele zake na nguo zake nyeusi. Sauti yake hapo haipandi wala haishuki. Macho tu yanaondoka kidogo kwa wale wanaume, yanakwenda mahali, yanarudi. Nilirudisha nyuma mara tatu. Vijana wa filamu huiita sehemu kama hiyo mazungumzo ya kujaza nafasi. Kwangu ndiyo nusu ya filamu.

Mwandishi wa kisa, William Rose, alikuwa Mmarekani, na husimuliwa kwamba kisa chote alikiota usingizini. Mwongozaji, Alexander Mackendrick, alizaliwa Boston na kukulia Glasgow. Wote wawili si watu wa pale King's Cross. Labda ndiyo maana waliweza kumwona bibi wa Kiingereza kwa jicho la mgeni, jinsi adabu yake ilivyo silaha bila yeye kujua kwamba ni silaha. Mimi nami ni mgeni na nimekaa miaka 14. Adabu hiyo naijua. Ni chai inayokuja wakati huitaki. Kila wezi wanapokaribia kupatana, mlango unagongwa: je, mngependa chai? Mara ya pili: je, mngeweza kumsaidia kumnywesha kasuku dawa? Na wao, majambazi watu wazima, mmoja akiwa muuaji kabisa, hawawezi kusema hapana. Herbert Lom, anayecheza huyo muuaji, anamtazama bibi kwa chuki iliyojaa hofu, na hofu hiyo tunaiamini kwa sababu Johnson hajafanya lolote la kuogofya. Amebeba sinia tu.

Kisha wanagundulika. Sanduku la selo linabanwa na mlango, linavutwa kwa nguvu, linafunguka, noti zinatapakaa mbele ya macho yake. Hapa ndipo ningependa kila mwanafunzi wa uigizaji aketi karibu na runinga. Johnson hashtuki kwa mikono. Uso unabaki pale pale, mwembamba, mdogo chini ya kofia, na kinachobadilika ni muda. Anachelewa. Anasubiri pumzi moja zaidi ya unavyotarajia, na katika pumzi hiyo wanaume watano wanaanza kuonekana kama watoto waliovunja chungu. Na bado kuna mabibi wenzake waliokuja kwa chai! Hawezi kuwaaibisha wageni. Kwa hiyo anawaamuru majambazi wakae sebuleni, washike vikombe na visahani, wawe waungwana hadi wageni waondoke. Na wanakaa. Peter Sellers, aliyekuwa ndiyo kwanza anaingia kwenye filamu kubwa, anashika kikombe kama mtu aliyepewa yai la nyoka. Huyu ni Sellers ambaye baadaye dunia nzima ingemjua, na kwenye sebule ile huwezi kumwangalia yeye, unaangalia kama bibi ameridhika.

Nimesoma mahali watu wakimwita mhusika huyu ajuza asiyejua kinachoendelea. Sikubali. Kuna tofauti kati ya kutojua na kutokubali. Tangu mwanzo wa filamu tunamwona akienda kituo cha polisi, kwa heshima zake zote, kurekebisha taarifa ya rafiki yake aliyedai kuona chombo kutoka anga za juu. Askari wanamsikiliza kama unavyomsikiliza mtoto. Yeye anajua wanamsikiliza hivyo. Katazame tena uso wake anapoaga: kuna tabasamu la mtu anayewasamehe mapema. Mimi nikiwa na bibi kwenye foleni ya dawa, watu huniuliza mimi mambo yanayomhusu yeye. Anatumia dawa ya presha? Amekula? Naye ameketi pale pale, anasikia kila neno, na hutabasamu vivyo hivyo. Sijawahi kumwona mwigizaji mwingine akilipata tabasamu hilo.

Niongeze jambo la chombo cha anga za juu, kwa sababu lina utamu wake kwa anayefuatilia kazi za Johnson. Miaka miwili kabla, Julai 1953, BBC ilirusha moja kwa moja kutoka Alexandra Palace tamthilia ya The Quatermass Experiment, roketi inarudi duniani na kuangukia nyumba ya watu Wimbledon. Katika nyumba hiyo kulikuwa na bibi, Miss Wilde. Katie Johnson huyo huyo. Sehemu zilikuwa sita, zimebaki mbili za kwanza tu, na kwa bahati njema yeye yumo katika hizo zilizobaki. Kwa hiyo mwaka 1953 roketi inamwangukia nyumbani, na mwaka 1955 anakwenda kuwaambia polisi kwamba rafiki yake hakuona chombo chochote. Sidhani kama ilipangwa. Lakini nikiwa nimeziona zote mbili, siku hizi nikimwona anaingia kituo cha polisi huwa nahisi anabeba habari zaidi ya anazozisema.

Inasimuliwa pia kwamba nusura asiipate nafasi hii. Waliokuwa na fedha waliogopa kwamba ni dhaifu mno kwa kazi ya wiki nyingi, wakampa mwigizaji mwenye umri mdogo kuliko yeye. Mwigizaji huyo akafariki kabla kamera haijaanza kuzunguka. Ndipo wakamrudia Johnson. Aliifanya kazi yote, akapokea tuzo, akacheza filamu moja zaidi, How to Murder a Rich Uncle, na Mei 1957 akafariki, huko Kent, akiwa na miaka 78. Tangu tuzo hadi kaburi ni kama mwaka mmoja tu. Roho huniuma nikifikiria hesabu hiyo, lakini hunifurahisha vilevile kwamba kamera ilimwahi.

Sasa diski yenyewe, maana nimeahidi.

Filamu hii ilipigwa kwa Technicolor ya mikanda mitatu. Ndani ya kamera moja, kubwa kama jokofu dogo, mikanda mitatu ilipita kwa wakati mmoja, mmoja ukichukua nyekundu, mmoja kijani, mmoja buluu, kisha rangi zikaunganishwa wakati wa kuchapa. Ni miongoni mwa filamu za mwisho za Uingereza kupigwa namna hiyo. Kwa ajili ya toleo la 2020, filamu ilipotimiza miaka 65, walirudi kwenye mikanda hiyo ya asili na kuinakili upya kwa ubora wa 4K, yaani picha kali kuliko ya Blu-ray ya kawaida. Matokeo yake, kwa macho yangu mimi nisiye fundi, ni kwamba nimeiona filamu nyingine. Kwenye DVD ya pauni 3 nyumba ilikuwa ya kahawia, nguo za kahawia, moshi wa kahawia. Kwenye hii mpya, London ya masizi ni nyeusi na kijivu na kijani kibichi cha mashaka, wezi wamevaa rangi za usiku, na katikati yao anapita mwanamke mmoja wa rangi ya waridi na zambarau iliyofifia, mwepesi kama unga wa poda. Sasa ndiyo nimeelewa kwamba Mackendrick na mpiga picha wake, Otto Heller, walimchora Johnson kwa rangi kabla hajafungua mdomo. Kwenye diski mbovu jambo hilo halipo kabisa. Unaona pia ngozi ya mikono yake, mishipa, na pete. Hawakumficha uzee. Guinness amepakwa na kubandikwa meno. Yeye amekuja na uso wake.

Sauti ni ya spika moja kama ilivyorekodiwa, safi, na miluzi ya treni inapita chini ya nyumba mpaka Bibi akaniuliza kama dirisha liko wazi. Manukuu ya Kiingereza yapo na nayashukuru, kwa ajili yake na kwa ajili yangu, maana Cecil Parker, anayecheza meja, humeza maneno. Ya Kiswahili hakuna. Katika nyongeza, nilichokipenda ni maelezo ya Philip Kemp yanayokwenda sambamba na filamu. Ni mtu aliyemsoma Mackendrick kwa undani na huongea bila kujisikiliza. Kuna pia dokumentari ya Forever Ealing juu ya studio zenyewe, nzuri kwa anayetaka kujua kwa nini mwaka huo huo wa 1955 majengo yale yaliuzwa kwa BBC. Nyingine nilizipitia haraka.

Neno kwa ndugu mnaotaka kununua huku na kutuma nyumbani: angalieni aina ya diski. DVD ya Uingereza ni ya kanda ya 2, yaani eneo la dunia ambalo diski imetengenezewa, na deki nyingi zilizotengenezwa kwa ajili ya Afrika kusini mwa Sahara ni za kanda ya 5, zinaweza kuikataa. Blu-ray ya hapa ni kanda B, ambayo inajumuisha Afrika, kwa hiyo hiyo itacheza. Ile ya 4K haina mipaka ya kanda, ila inahitaji deki yake maalumu, Blu-ray ya kawaida haiisomi.

Filamu ina upungufu, siwezi kuuficha. Ile mbio ya kumkimbiza kasuku juu ya paa inarefushwa bila sababu. Kicheko kinakwisha, wao bado wanapanda. Na theluthi ya mwisho, wezi wanapoanza kugombana nani amuue bibi na kuanza kupunguzana wenyewe, Johnson amesinzia kwenye kiti. Inafaa kwa kisa, ni wazo zuri sana hata, kwamba kifo kinamzunguka aliyelala. Lakini ni dakika nyingi bila yeye, moshi mwingi na mabehewa mengi, na kila mara nikiitazama hujikuta nikingoja aamke. Guinness ni hodari, sitabishana na mtu. Ila ukimtazama mara ya tano unaanza kuiona kazi yake, jinsi alivyopanga kila kidole. Kazi ya Johnson mpaka leo sijaiona ilipofichwa.

Mwezi uliopita, siku yangu ya mapumziko, nilikwenda kutafuta mahali. Ile nyumba haikuwa ya kweli, ilijengwa kwa ajili ya filamu mwisho wa Frederica Street, ng'ambo ya Caledonian Road, juu ya mdomo wa handaki la treni liitwalo Copenhagen Tunnel. Hakuna kilichobaki. Lakini ule mtaa unaouona bibi akifungua mlango wa mbele, wenye mnara wa saa wa stesheni ya St Pancras kwa mbali, walipiga Argyle Street, na Argyle Street ipo. Nilisimama pale saa kumi jioni na mwavuli wangu. Mnara unaonekana vile vile. Mama mmoja wa makamo makubwa alinipita akivuta toroli la sokoni, nikamwachia njia, akasema ahsante bila kugeuka, na nikajua ni sauti ile ile, ya mtu asiyetarajia kwamba utaikumbuka.

Mwisho wa filamu Bi. Wilberforce anatoka tena kituo cha polisi. Njiani kuna mchoraji anayechora kwa chaki juu ya lami, na bibi anamdondoshea noti. Kwa nini ana noti ya kudondosha, nakuachia. Angalia tu mwendo wake baada ya hapo. Mchoraji ameduwaa, na yeye hageuki kuona shukrani, hatua ndogo ndogo, mgongo umenyooka, kama aliyekumbuka kwamba birika liko jikoni. Bibi huniambia nisiguse rimoti mpaka maandishi yaishe. Kisha huniomba nimrudishie pale kwenye bomba na nyundo, mara moja tu, kabla sijavaa koti.